Herufi Tatu Baada ya Nukta

Miaka ile ya soko huria kila mtu Mwanza alikuwa anafungua kitu. Baa, duka la dawa, kiwanda cha minofu ya sangara. Mimi nilikuwa nimefeli kidato cha nne vizuri kabisa, nikawa mpiga chapa kwenye steshenari moja ya Mabatini. Hata hivyo furaha yangu ilikuwa haina mfano, kwa sababu nilikuwa nampenda mtu, na mimi na mtu huyo tulikuwa tunatengeneza programu ya kompyuta.

Yeye alikuwa fundi wa kompyuta mjini, mzaliwa wa Sengerema, mwimbaji wa sauti ya tatu kwenye kwaya yetu. Programu ilikuwa ya kuandikia nyimbo. Walimu wa kwaya walikuwa bado wanaandika do re mi kwa mkono, sauti nne, moja chini ya nyingine, na karatasi ikinyeshewa ndiyo basi, wimbo umekwenda. Yeye aliandika programu yenyewe. Mimi nilitengeneza disketi za kuiweka kwenye kompyuta za watu, kazi aliyonifundisha taratibu, akiwa amesimama nyuma ya kiti changu.

Nilichokipenda zaidi ni kuifundisha kompyuta kuyatambua mafaili. Kila faili lina herufi tatu baada ya nukta, mwishoni mwa jina lake. Usipoiambia kompyuta herufi hizo ni za programu gani, mtu akibonyeza wimbo wake anaulizwa: nifungue kwa kitu gani? Mwalimu wa kwaya mwenye umri wa mama yangu akiulizwa hivyo anazima mashine, anarudi kwenye kalamu yake. Kwa hiyo disketi yetu iliiambia kompyuta: ukiona herufi hizi, hawa ni wa kwetu, wafungulie, na kila wimbo uuwekee picha ya samaki.

Samaki nilimchora mimi, kiraba kwa kiraba.

"Hili ni panki," alisema alipomwona, maana yake ile mifupa ya sangara inayobaki kiwandani. "Minofu umeshampelekea Mzungu?"

"Subiri nimnenepeshe."

"Mnenepeshe, mama samaki. Wateja wasije wakadhani tuna njaa."

Herufi alichagua yeye. Ya kwanza ilikuwa ya jina langu, ya mwisho ya jina lake, na katikati akaweka N.

"Hiyo N ya nini?"

"Ya *na*. Fulani na Fulani. Hujawahi kuona kadi ya harusi?"

Nilicheka mpaka mwenye steshenari akachungulia mlangoni.

Akapanda treni kwenda Dar na disketi zetu, kutafuta kampuni ya kuinunua programu. Stesheni aliniambia, "Wakinunua tu, wazee wangu watavuka ziwa kutoka Sengerema, waje kubisha hodi kwenu." Mwanzoni alipiga simu steshenari kila Jumamosi. Baadaye Jumamosi mojamoja. Mwishowe ikawa mimi naitazama simu, na simu inanitazama.

Ndipo mwalimu wa kwaya wa kanisa la kwao, Sengerema, akaniita. Disketi mpya za programu zimekuja kwa basi kutoka Dar, niende nikamwekee. Nilipanda kivuko nimevaa gauni langu la Pasaka. Imenunuliwa! Njia nzima nilikuwa nawapanga wazee sebuleni kwetu, nani akae kochi lipi.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, fundi wangu. Mashine hiyo hapo. Nyimbo za sikukuu ziko humo kwenye disketi, na kwaya inakuja mchana."

Nikaweka. Disketi mpya ilipomaliza, samaki wote walikuwa wamebadilika kuwa nota ya bluu. Nikawasikitikia kidogo, nikajiambia kampuni ni kampuni. Nikabonyeza wimbo, ukafunguka safi. Kisha kwa mazoea nikafungua pale kompyuta inapoweka aina za mafaili, nione disketi imeandika nini.

Herufi zetu zilikuwa zimefutwa. Mpya zilikuwa tatu vilevile. Mwisho ilikuwa herufi yake. Katikati, N. Ya kwanza haikuwa yangu.

Nikadhani ni jina la kampuni. Nikasoma boksi la disketi, jina la kampuni halikuanza hivyo. Nikatafuta neno lolote la muziki linaloweza kuanza hivyo. Sikupata.

"Mama," nikasema, "mwenzetu wa Dar hajambo?"

"Hajambo sana! Wazee wake si wamepanda treni juzi? Wamekwenda kutoa posa. Ni binti anayefanya naye kazi hukohuko." Akataja na jina.

Jina lilianza na herufi ile.

Sijui uso wangu ulifanyaje. Mwalimu aliweka kikombe chake cha chai chini polepole.

"Ng'wanone," akaniita Kisukuma, mwanangu. "Kumbe wewe ulikuwa unamsubiri?"

"Aliniahidi, mama."

"Sisi tulijua mnafanya kazi tu." Akasimama, akaioneshea kompyuta kidole kama mtoto mtukutu. "Rudisha samaki. Rudisha sasa hivi! Sitaki nota zao humu."

Disketi zetu nilikuwa nazo kwenye mkoba. Ningeweza. Chai isingepoa kabla sijamaliza.

"Nikirudisha, nyimbo za sikukuu hazifunguki. Ile ya zamani haizijui."

"Basi tutaimba za mwaka jana."

"Mama, watu wanakuja kufanya mazoezi."

Akasonya, lakini si kwangu. Kisha akafunga mlango.

"Basi lia. Ila lilia hapa hapa. Ukilia kivukoni watu watakuuliza nani amefariki, na utawajibu nini?"

Nililia huku printa ikipiga kelele, ikitoa karatasi moja baada ya nyingine, kila sauti kwenye mstari wake. Programu yake ilikuwa nzuri. Nilitamani iwe mbaya.

Waimbaji walipofika nilikuwa nimenawa uso. Sauti ya pili walikuwa wawili tu, mmoja ana mafua, wakaniomba niwasaidie. Nikashika karatasi, nikaimba. Nilikosea ubeti wa kwanza, nikakosea na wa pili, na mwalimu, ambaye hajawahi kumsamehe mtu nota hata moja, aliendelea kupunga mkono kama hajasikia.