Jopo Lilipobahatisha Kazi Yangu, Mama Mkwe Aliacha Kula Chakula Changu

Admin, nifiche jina tafadhali. Mimi ni dada wa miaka thelathini na mbili, Mkenya, naishi Mansfield, Texas. Nina mchumba, na Desemba watu wake wanatarajiwa kwetu kuleta mahari.

Nafanya kazi mochari. Naosha maiti, nawavalisha, nawatengeneza uso na nywele ili watu wao wawaage vizuri. Sijawahi kuionea haya kazi hii. Mchumba wangu aliijua tangu mwanzo, na mama yake alipokuja kututembelea nilidhani naye anajua. Mama alinipenda, jamani. Chapati zangu alizisifu mpaka kwa majirani.

Siku ya familia kanisani, MC akaleta ule mchezo wa zamani wa televisheni ya Marekani: mtu anakaa mbele, jopo linamuuliza maswali ya ndiyo au hapana mpaka libahatishe kazi yake. Niliitwa mbele, Mama akawekwa kwenye jopo. Nilienda nikicheka.

"Unahudumia watu?" Ndiyo. "Unawagusa?" Ndiyo. "Wanalalamikanga?" Hapana. Ukumbi mzima ukacheka.

Mama akasema kwa madaha, "Mimi nishajua. Huyu ni nesi, kijana wangu aliniambia."

Nikasema hapana. Hapo ndipo nilipojua kwamba mchumba wangu alimdanganya. Nikamtafuta kwa macho, naye akainamia simu yake. Mzee mmoja wa jopo akauliza, "Hao watu hurudi nyumbani?" Hapana. Kicheko kikakatika. Akauliza kwa sauti ya chini, "Ni maiti?"

Ningesema nini, mbele ya kanisa? Nikasema ndiyo.

Mama aliangalia mikono yangu. "Hiyo ndiyo imekuwa ikinipikia?" Tangu siku hiyo hajala kitu nilichokigusa, wala hanisalimii kwa mkono. Kwenye gari mchumba wangu aligeuza lawama zote kwangu: "Kwani lazima ungejibu? Si ungesema tu uko healthcare?" Niliumia sana.

Mwezi uliopita mama mdogo wa mchumba wangu, aliyekuwa akiishi Mesquite, huku huku Texas, alifariki, na mwili ukaletwa kwetu kazini, ingawa Mama hakujua ni pale ninapofanya kazi. Mchumba wangu akanipigia akilia. "Please, mfanye wewe. Wazungu hawajui nywele zetu. But usi-mention kwa Mama."

Nilimuosha, nikamsuka mistari, nikimsemesha Kiswahili kama nilivyozoea. Nilimpenda yule mama.

Siku ya kumuaga, Mama alisimama kando ya jeneza akimpapasa nywele mdogo wake. "Amependeza," akasema. "Ni nani amemtengeneza? Nataka nimshike mkono."

Mimi nilikuwa nyuma yake, nimebeba kibeti chake. Mchumba wangu akaniangalia, kisha akamwambia, "Ni mzungu mmoja wa hapa. Ame-leave."

"Mungu abariki mikono yake," Mama akasema.

Sikulia pale. Nililia chooni.

Sasa mchumba wangu anasema nikiacha kazi kabla ya Desemba, Mama atanisamehe na harusi itaendelea. Bado nampenda, sitaficha. Lakini nikimwangalia, namwona tu akisema ni mzungu. Wenzangu, nimekwama. Niiache kazi niolewe, ama nimrudishie Mama kijana wake? Niambieni ukweli hata kama unauma.