Jina Ambalo Simu Haikulijua

Binti yangu aliponitajia jina la mwanawe, nilimwambia, "Afya." Nilifanya makusudi, ajue kwamba kwangu hilo halikuwa jina bali chafya. Alikuwa amekaa kitandani kwangu, mtaa wa Gongoni, Tabora, katoka hospitali jana yake, anakunywa uji wa ulezi nilioupika kwa mikono yangu. Hakucheka. Alinitazama, akalirudia jina lile lile polepole, kama mwalimu wa chekechea.

Sitaliandika hapa. Mwenye jina bado mdogo, na akikua atalitangaza au atalificha apendavyo. Niseme tu kwamba ni jina fupi, na sijapata kulisikia Tabora nzima, si kanisani, si sokoni, si hata kwenye matangazo ya misiba redioni, ambako majina yote ya huku hupita siku moja au nyingine.

Nilishtuka, na sababu nitaisema waziwazi: nilikuwa nikisubiri kusikia jina langu. Kwetu Wanyamwezi mjukuu wa kike kurithi jina la bibi yake si jambo la kuombwa. Na jina langu mimi halikuokotwa. Nilipozaliwa nililia usiku na mchana, wazee wakasema nalilia jina, maana mtoto asiye na homa wala kidonda akilia hivyo, kuna marehemu anayetaka kukumbukwa. Wakawaita wafu wa ukoo mmoja baada ya mwingine, na walipofika kwa mama mzaa babu yangu, nikanyamaza nikalala. Hadithi hiyo nimekua nayo na nimejisifu nayo maisha yangu yote. Bibi mkubwa yule, mwanamke wa nyumba ya watu wa misafara, watu waliokwenda pwani na pembe za ndovu wakarudi na nguo, aliwaruka vitukuu wote akanichagua mimi.

"Umelitoa wapi?" nilimuuliza binti yangu.

"Nimepewa, mama."

"Umepewa na nani?"

"Utajua tu."

Sikuhitaji kujua zaidi. Siku hizi watoto wanapewa majina na simu. Nikavaa miwani, nikachukua simu yangu, nikaliandika jina lile nione maana yake. Ukurasa mmoja ukasema ni ua la jangwani. Mwingine ukasema ni kijito. Wa tatu ukaniuliza kama nilikusudia kutafuta mafuta ya nywele. Jirani yangu, mwanamke asiyekosa la kusema, aliposikia alishika kiuno akaniuliza kama mtoto atabatizwa au atatangazwa dukani. Nilicheka naye, lakini ndani niliungua. Baba wa mtoto, aliyeko shambani kwake Usinge, alikuwa ameshakubali. Yeye mkewe akisema mvua inanyesha, anafungua mwavuli bila kutazama juu. Na ubatizo ulikuwa Jumapili.

Basi mtoto akaanza kulia.

Mungu anisamehe, nilifurahi. Alilia akinyonya, alilia akiogeshwa, alilia mgongoni kwangu mpaka sikio likaziba. Zahanati walimpima wakasema mzima. "Umeona?" nilimwambia mama yake. "Analilia jina. Hilo la kwenu la kisasa halitaki. Twende Kwihara kwa shangazi akamwitie majina ya watu." Nilitegemea ubishi. Yeye akasimama akatafuta kanga ya kubebea, upesi hata nikashangaa.

Shangazi ni dada wa marehemu baba yangu, wa mwisho wa kizazi kile. Yeye ndiye aliyenipakata siku nilipoitiwa majina, akiwa msichana. Sasa haoni vizuri, ila ugoro wake anaujua ulipo, na nyumba yake haiko mbali na lile tembe la kale, nyumba ya udongo ambayo wageni huja kuipiga picha. Tulimkuta jikoni anapanga matobolwa, vile viazi vitamu vya kuchemshwa na kukaushwa, kwenye ungo. Tukamwamkia, akaitikia, akamchukua mtoto kabla hata hatujakaa.

"Analilia jina, shangazi," nikasema.

"Nani kasema?"

"Mimi."

Alinung'unika kidogo, kisha akaanza. Aliwaita kwa Kinyamwezi, upande wa waume na upande wa wake, akituliza sauti kila baada ya jina ili mtoto apate kusikia. Mtoto akalia. Akamwita babu yangu, akamwita baba yangu, na kusikia jina la baba kukanitoa machozi. Mtoto akalia. Nikajikaza, kwa maana sasa aliyefuata alikuwa mama mzaa babu, mwenye jina langu. Nilikuwa nimeshaandaa na kigelegele.

Shangazi akamruka.

Nilidhani ni uzee. "Shangazi, umemsahau bibi mkubwa."

"Sijamsahau."

"Basi mwite."

"Kwa jina lipi?"

Nikamtajia jina langu. Alitikisa kichwa. "Hilo si jina lake," akasema. "Hilo ni jina alilopewa na aliyemnunua."

Nilimtazama binti yangu, nikaona ameinamisha macho, na hapo nikajua kwamba ndani ya jiko lile mimi peke yangu ndiye niliyekuwa gizani.

Shangazi alizungumza huku anambembeleza mtoto, hakupandisha sauti wala hakuishusha. Bibi yake yule aliletwa na msafara kutoka ng'ambo ya Ziwa Tanganyika, katika kamba pamoja na wenzake, mtoto wa kimo cha kinu. Akaishia hapa hapa Kwihara. Aliyetoa nguo kuwa bei yake akamchukua alikuwa baba wa babu yangu, yule yule mtu wa misafara niliyekuwa nikijitapa naye. Akambandika jina jipya siku ile ile, na alipokua akamwoa.

"Kila alipoitwa aliitika," shangazi akasema. "Alizoea. Lakini tukibaki wawili, tunamenya karanga, aliniambia lake. Nilikuwa mdogo. Akasema nilishike, maana lugha ya kwao imemtoka yote, limebaki neno hilo moja."

"Na maana yake?" niliuliza.

"Maana yake ni yeye. Nyingine hakuijua."

Halafu akanitajia. Lilikuwa jina la mjukuu wangu, lile lile, la chafya.

Nilikasirika, sitaficha. Nilimuuliza kwa nini amwambie huyu mtoto wangu asiniambie mimi. Nimeitwa hivyo shuleni, nimeitwa hivyo mbele ya mchungaji siku ya ndoa yangu, nimeitwa hivyo na mume wangu akikata roho. Ningewekwa kaburini na jina la mnunuzi juu ya msalaba, na wote wangekaa kimya?

"Wewe lile ulikwisha kupewa," shangazi akasema. "Ningekuvua nikuache na nini? Huyu alikuwa bado tumboni. Huyu ningeweza kumpa."

"Lakini nilinyamaza!" nilimwambia. "Waliponiita hilo nilinyamaza. Mnasema wenyewe."

Shangazi akanigeukia na macho yake yale yenye ukungu.

"Hukunyamaza. Nilikuwa nimekupakata mimi. Waliita lile ukalia zaidi, ukalia mpaka ukachoka, usingizi ukakuchukua. Wao wakapiga vigelegele. Mimi jina nilikuwa nalo mdomoni, lakini ningesema nini mbele ya wazee, kwamba mama yao alinunuliwa?" Akamweka mtoto begani, akampapasa mgongo. "Huyu ana tumbo tu, amejaa hewa. Huyu halilii jina. Aliyelilia jina ni wewe."

Nilikaa chini pale pale, juu ya gunia la mkaa, na gauni langu la kanisani nililolivaa makusudi kwa ajili ya siku hiyo. Binti yangu akaja akanishika bega, akasema, "Mama, nilitaka ulisikie kwake, si kwangu." Nilikuwa nawaza juu ya wale wazee, jinsi walivyomwita mama yao kwa jina la kamba, wakaridhika kwamba amesikia.

Jumapili ilikuwa bado. Jina la mtoto sikulizungumzia tena, hapakuwa na la kuzungumza. Nilikuwa na jambo moja tu.

"Shangazi," nikasema, "niite."

Alielewa. Alimkabidhi mtoto kwa mama yake, akafuta mikono kwenye kanga, akasogea mpaka magoti yetu yakagusana. Akalitamka jina lile taratibu, uso wake ukinielekea mimi. Na mimi, bibi mzima mwenye wajukuu, nikaitika.

"Abee."