Binti wa Tanuri na Kiti cha Saa Kumi na Mbili

Batoul hakai. Ofisi yetu pale Maarif, ghorofa ya tatu, ina viti saba na watu watano, na bado utamkuta amesimama nyuma ya kiti chako, glasi ya chai mkononi, macho kwenye skrini yako, mguu mmoja unagongagonga sakafu. "Endelea, endelea, wala sikutazami," anasema, na huku anakutazama. Mwaka mzima nilitamani nimfungie nje.

Kazi yetu ni rahisi kuisema. Vituo vya kusafishia damu ya wagonjwa wa figo hapa Casablanca vinatupa ratiba zao, na programu yetu inamtumia kila mgonjwa ujumbe siku moja kabla: kesho kiti chako ni saa fulani. Programu tunaiandika sisi. Batoul analinda njia. Njia ndilo jina tulilozipa zile hatua ambazo kompyuta inazipitia yenyewe: unaleta mabadiliko yako, inayajenga, inayapima kwa majaribio mia tatu na kitu, na taa ikiwaka kijani inayapeleka kwa wagonjwa. Ikiwaka nyekundu, hakitoki kitu. Ndivyo inavyotakiwa. Kabla hajaja yeye, taa ikiwa nyekundu tulikuwa tunabonyeza tena, na tena, mpaka ichoke iwe kijani.

Baba yake ana tanuri la mtaa kule Khouribga. Nyumba za mtaani zinampelekea unga uliokandwa, kila nyumba na ubao wake, naye anaoka na kurudisha. Batoul alikulia mlangoni pa tanuri hilo, kazi yake kugonga kila mkate chini kwa kifundo cha kidole kabla haujarudi kwa mwenyewe. Ukitoa mlio mzito haujaiva, unarudi ndani, hata kama mwenye mkate ni mke wa kadhi na amesimama hapo anafoka. Alisoma kwa pesa za mikate hiyo, na adabu ya kugonga hajaiacha mpaka leo.

Wiki yake ya kwanza alikuta nywila za vituo vyote zimeandikwa waziwazi ndani ya mipangilio ya njia. "Mmefunga nyumba, ufunguo mmeutundika mlangoni?" Akazitoa zote, akazibadilisha, akaziweka mahali ambapo hata mimi sizioni. Wiki ya pili akagundua kwamba tulikuwa tunajenga toleo moja la kupima, kisha tunajenga jingine la kupeleka. "Kwa hiyo mnaonja mkate huu, mnampelekea mtu mkate mwingine?" Tangu siku hiyo linajengwa mara moja tu, na lililopimwa ndilo linalotoka. Kisha akatuanzishia zoezi, kila Jumatatu ya kwanza ya mwezi: kurudisha toleo la jana, saa mkononi. Mara ya kwanza ilituchukua dakika hamsini, tukatoka jasho. Kufika majira ya baridi zilikuwa dakika nne.

Na Ijumaa, baada ya kuskusi, marufuku kupeleka kitu. "Mtu aliyeshiba kuskusi hana akili," alisema. "Ana tumbo tu."

Sasa nije kwa mama yangu, maana hapo ndipo nilipochemka. Mama, Lalla Rqia, ana kiti chake Jumatatu, Jumatano na Ijumaa, saa kumi na mbili asubuhi. Hajui kusoma. Ujumbe wangu, ujumbe wa mwanawe mwenyewe, ukifika anatoka nao ngazini kumtafuta binti wa jirani amsomee. Mwezi wa Rajab kituo kilimbadilishia saa mara moja tu, binti wa jirani hayupo, mama akaenda kwa mazoea. Kiti kimekwenda kwa mwingine. Mpaka siku ya pili maji yalikuwa yamemjaa mapafuni, na tukalala hospitali siku tatu, yeye kitandani, mimi kwenye kiti cha plastiki cha mapokezi.

Nilirudi kazini kama mtu aliyeumwa na nyuki. Nikaandika toleo jipya: ujumbe wa sauti. Simu inalia, inakwambia kwa Kidarija, Kiarabu chetu cha nyumbani, kesho kiti chako ni saa fulani. Sauti niliitia mwenyewe, nikarekodi saa zote, moja moja, chooni ofisini, maana ndiko kusiko na mwangwi wa Batoul. Nilitaka liwe tayari kabla ya Ramadhani.

Likawa tayari Ijumaa ya mwisho ya Shaabani, saa nane mchana. Kuskusi lilikuwa limeliwa, sinia limebaki na mifupa na boga moja. Taa ikawaka kijani. Nikapiga makofi.

Batoul hakupiga. Alikuwa ameinama kwenye orodha ya majaribio, mguu unagonga. "Anouar, hapa kuna jaribio halikuendeshwa. La saa. Nani kalizima?"

"Miye. Miaka miwili iliyopita niliandika mstari wa kulizima."

"Kwa nini?"

"Lilikuwa linalia kila Ramadhani ikikaribia. Linalia bure, mstari unalizima, Idi ikipita linaamka lenyewe. Nalo lina saumu, bibie, liache lipumzike!"

Wote walicheka. Huo ulikuwa utani wetu wa zamani, kila mwaka tunausema. Mwenye kampuni, tunayemwita Si Lahbib, yaani Bwana Lahbib, alicheka mpaka akashika tumbo.

"Ramadhani bado," alisema Batoul. "Na mimi jaribio hilo nilishalirekebisha tangu vuli, lilipokuwa macho. Sasa halilii bure." Akafuta mstari wangu, akaliendesha. Nyekundu.

"Si nimekwambia? Linalia!"

"Linalia nini, umelisoma?"

"Batoul, wewe una wasiwasi kama kuku mwenye vifaranga. Nimejaribu kwa masikio yangu mara ishirini, saa ni sahihi!"

"Leo ni sahihi. Jumapili alfajiri nchi nzima inarudisha saa nyuma kwa ajili ya Ramadhani. Nipe kesho tu nilitazame. Jumatatu utapeleka."

"Jumatatu mama yangu ana kiti! Jumapili ndiyo anapata ujumbe! Wewe hukumwona akitapatapa kutafuta pumzi!"

Si Lahbib akasema neno lake la siku zote, "Fanyeni mtakavyoona," akaenda kunawa. Batoul akanitazama kwa huruma, na huruma ile ndiyo iliyonitia wazimu. "Kaka, kwa ajili yake ndiyo nakwambia ngoja," alisema. Kisha akachukua mkoba wake, treni ya Khouribga haimngoji mtu.

Nilikuwa na ruhusa ya zamani, ya tangu kampuni nzima ni mimi na Si Lahbib, ya kupeleka toleo bila kupita njia. Batoul alishaniomba mara tatu aifute. Mara tatu nilimwambia ni ya dharura tu. Nilikaa pale robo saa, nikanyanyuka, nikakaa, nikang'ata kucha. Nikaitumia. Toleo likatoka na taa nyekundu yake, na mimi nikashuka ngazi nikipiga mluzi.

Jumapili asubuhi nilikuwa jikoni kwa mama. Alikuwa anasafisha ufuta wa sellou, ule unga mtamu wa Ramadhani, mikono myeupe, harufu ya lozi mpaka ngazini. Saa za nchi zilikuwa zimerudi nyuma usiku, na saa ya ukutani nilimrekebishia mwenyewe. Saa nne kamili simu yake ikalia. Akaijibu kwa kiwiko, akasikiliza, uso ukafunguka.

"Wewe! Ni wewe! Mwanangu yumo ndani ya simu!" Alicheka mpaka ufuta ukamwagika. "Unasema kesho saa moja. Alhamdulillahi, wamenisogezea, nitalala kidogo."

Saa moja. Kiti chake ni saa kumi na mbili. Nilikuwa nimeandika kwa mkono tofauti ya saa yetu na saa ya kimataifa, kavu, isiyobadilika, kana kwamba nchi hii hairudishi saa kila mwaka mbele ya macho yangu. Na jaribio lililokuwa likinipigia kelele nilikuwa nimeliita lenye saumu.

Kabla sijatia namba ya Batoul, simu yangu ikalia.

"Anouar, nina kiti cha figo kesho saa moja," alisema Batoul. Nyuma yake nilisikia koleo la tanuri likikwaruza. "Mgonjwa wa kubuni, namba yangu mimi, nilimweka kwenye orodha siku nyingi, ili nipate kila wanachopata. Ratiba yangu ni saa kumi na mbili. Ulipeleka?"

"Nilipeleka."

Nilingoja matusi. Hakutukana. Nafuu angetukana.

"Narudisha toleo la Alhamisi. Usikate." Nikasikia vidole vyake kwenye kibodi. Mama alikuwa ananiuliza kama nataka chai. Nilihesabu matofali ya ukuta, nikayahesabu upya. "Dakika nne," alisema Batoul. "Imerudi. Lakini sauti imeshawafikia watu mia moja na themanini na sita. Hao toleo haliwezi kuwarudia. Hao ni wa kupigiwa, mmoja mmoja. Wewe chukua nusu ya kwanza."

Mkaidi hafaidi mpaka siku ya Idi, wanasema. Mimi yangu ilikuja mwezi mzima kabla. Nilipiga simu nimesimama barazani, nilipiga nikitembea, nilipiga nimekaa kwenye ukingo wa beseni. "Samahani mzee, ile saa si sahihi, ni kumi na mbili." Wengine walishukuru. Mmoja alinitukana na babu zangu, nikasema ahsante. Bibi mmoja wa mtaa wa Sidi Othmane hakupokea mara tisa; nilipanda teksi nikamgongea mlango, nikamkuta yuko darini anaanika nguo. Batoul alipiga za kwake akiwa mbele ya moto wa baba yake. Alasiri tukamaliza, wote mia moja na themanini na sita.

Wote kasoro mmoja. Mama nilimwacha wa mwisho.

"Mama, kesho ni saa kumi na mbili. Kama siku zote."

"Lakini simu imesema saa moja."

"Simu ilikosea."

Alifuta mikono kwenye aproni, polepole, kidole kwa kidole. "Ilikuwa sauti yako, mwanangu."

Nilisema ilikuwa yangu, na kwamba Batoul, binti wa tanuri la mikate, aliniambia ningoje.

Jumatatu saa kumi na moja na nusu alfajiri nilimpeleka mwenyewe, akakaa kwenye kiti chake, wakamuunganisha kwa wakati. Nikatoka hapo moja kwa moja mpaka ofisini, nikamwambia Batoul afute ile ruhusa yangu. Alifuta mbele yangu, amesimama, mguu unagonga. Kisha akanisogezea kiti, tukalisoma jaribio pamoja, mstari kwa mstari, na nikaiandika saa upya kama inavyopaswa kuandikwa. Taa ilikaa nyekundu mpaka Jumatano jioni, na hakuna aliyeibonyeza ili ichoke. Alhamisi asubuhi ikawa kijani, ikatoka kwa njia yake, mchana kweupe.

Saa nne siku hiyo nilikuwa nimempigia mama makusudi kwa simu ya binti wa jirani, nipo kwenye laini, nikasikia simu yake mwenyewe inaita. Nikajisikia mwenyewe kwa mbali: kesho kiti chako ni saa kumi na mbili asubuhi.

"Umesikia, mama?"

"Nimesikia. Sauti ni yako." Akaiweka ile simu nyingine mezani. "Sasa hebu mpigie yule binti wa mikate, umuulize kama ni kweli."

Nikampigia.