Goli la Mbrazili Katika Kilio cha Jirani

Hata kufa alifanya makusudi. Siku za mwaka ziko nyingi, lakini jirani yangu, mwenye kibanda cha video hapa Rugenge, alichagua kufa juma lile lile ambalo Mbrazili wangu alikuwa anacheza mechi yake ya mwisho. Wengine walisema ni sukari, wengine wakasema ni tumbo. Minye nilisema ni uchokozi.

Mbrazili ninayemsema ni mwanamke, mshambuliaji. Nilimwona mara ya kwanza katika kibanda cha huyo huyo marehemu. Nilikuwa nimewapelekea wateja wake ndagala za kukaanga, nikasimama mlangoni na beseni kichwani. Alikuwa msichana mwembamba, soksi zimeshuka, nywele zimefungwa nyuma kama mkia wa mbuzi. Akampita beki wa kwanza, akampita wa pili, na alikuwa anacheka. Hapo ndipo aliponishika. Minye nimekimbia sana katika maisha haya. Nimekimbia risasi, nimekimbia maji, nimevuka mto Ruzizi na godoro kichwani kwenda Burundi, nikarudi nalo limeliwa na panya. Sijawahi kukimbia nikicheka. Nikajiambia, huyu lazima nimwone akifunga, kwa macho yangu, kabla sijafa.

Akabaki yeye na kipa. Jirani yangu akabonyeza telekomande, akaja Mchina wa filamu anaruka juu ya paa.

"Eh! Rudisha!" nikapiga kelele.

"Mupira ya banamuke si mupira," akanijibu bila kugeuka. "Weye mama, ndagala zako ziko zinapoa."

Alifunga au hakufunga? Mpaka leo sijui. Nimesoma mpaka la tatu tu, lakini kumkumbuka aliyekukosea hakuhitaji diploma. Huyo akawa mshitakiwa wangu wa kwanza.

Wa pili ni padri mmoja. Parokia ilikuwa imepata televisheni kubwa, na sisi mama wa usafi tuliruhusiwa kuangalia Kombe la Dunia la wanawake tukimaliza kufagia. Mbrazili akapokea mpira karibu na kona, akauweka kifuani, akageuka. Padri akaingia akipiga makofi: wageni wa jimbo wamefika na kuku hawajanyonyolewa. Nikanyonyoa kuku huku nasikia vijana wakishangilia ukumbini. Yule kuku aliingia chunguni bila ngozi.

Wa tatu ni dereva. Nilikuwa natoka Luberizi na mifuko ya mchele, nimepanga kufika mjini mapema. Dereva akasimama njiani, Katogota, ati kidogo tu, amsalimie mwanamke ambaye si mke wake. Alimsalimia mpaka mechi ikaisha. Redio ya muuza nyanya ikatuambia kwamba Mbrazili amefunga mawili. Lakini kusikia goli kwenye redio ni kama kusikia harufu ya nyama kutoka kwa jirani: mate ni yako, nyama si yako.

Wa nne ni yule mkubwa aliyegawa viwanja kwenye njia ya mto. Nilikuwa nimenunua televisheni yangu mwenyewe, ndogo, nikaishonea hata nguo yake. Mvua ikanyesha milimani, maji yakashuka, yakakuta nyumba za watu wake zimekaa katikati ya njia, yakageuka yakapitia kwangu. Televisheni ikaenda ziwani, labda mikebuka na samaki wengine waliangalia. Watu wanasema ni mafuriko. Minye sisemi mafuriko, maji hayana mhuri. Mwenye mhuri anajulikana.

Wakati wote huo Mbrazili alikuwa anaendelea na kazi yake. Binti anayeuza vocha sokoni alikuwa ananisomea habari zake kwenye simu. Alikwenda Ulaya, akaenda Amerika, akahama nchi nyingi kuliko minye, ila yeye kila alipofika walimpokea kwa maua. Akavunjika goti, nikamsalia novena, akarudi. Akapaka nywele rangi nyeupe kama bibi kizee, nikamkasirikia juma zima. Halafu siku moja yule binti akaniambia kwa sauti ya kupeleka msiba, "Mama, Mbrazili wako anaacha. Ya mwisho ni siku ya posho, Jumamosi hii, saa tisa."

Kesho yake jirani akafa.

Sasa, kwetu mtu akifa, avenue nzima inazima redio. Wanaume wanakaa nje chini ya turubai, wanawake wanajaa ndani kwenye mikeka, na televisheni ya nyumba ya kilio inafunikwa kitenge. Asiyekuja kukaa, siku yake ikifika atajizika mwenyewe. Tulimzika Ijumaa. Siku ya posho nikaenda kukaa kama wengine, moyo umefungwa kama mfuko wa mchele. Hata ningetoroka, ningeenda wapi? Umeme ulikuwa umekatika mtaa mzima tangu siku mbili. Mashine ya umeme ilikuwa inanguruma mahali pamoja tu: hapo hapo kwenye kilio, nyuma ya jiko, kwa ajili ya mikro, vipaza sauti vya kwaya.

Nikaangalia kile kitenge ukutani. Nikaangalia waya. Waya ulikuwa umechomekwa. Nikasogea kwa magoti mpaka kwa mjane.

"Mama mufiwa," nikamnong'oneza, "niko na shida."

"Gani? Hawajakupa chakula?"

"Mbrazili."

Hakuuliza Mbrazili gani. Avenue nzima inajua.

"Leo?"

"Sasa hivi."

Akajifuta pua kwa pindo la nguo, akafikiri. "Huyu bwana alininyima hii televisheni tangu aninunulie pete," akasema. "Kila siku mipira yake, minye jikoni. Funua. Lakini sauti, hapana. Na mwenye kucheka nitamufukuza."

Nikafunua, nikawasha bila sauti, nikatafuta mechi. Kumbe shangazi wa marehemu, mama mkali aliyetoka Luberizi kwa ajili ya kilio, alikuwa ameniona.

"Muko munafanya nini na vitu vya marehemu?"

"Tunatafuta misa, shangazi."

"Misa gani iko na majani namna hii?"

Shangazi akarefusha shingo, akauliza polepole, "Wetu njo hawa wa manjano?"

Mbrazili alikuwa amezeeka. Goti limefungwa bandeji, mwendo umepungua, wasichana wadogo wanampita kama pikipiki zinavyopita lori. Na hakuwa anacheka. Hilo liliniuma kuliko goti. Kisha akapata mpira, akaupiga, ukagonga mlingoti.

Tukasahau. Wanawake wote tukalia kwa sauti moja, "Yooo! Mama yooo! Karibu afike!"

Nikasikia mwanaume mmoja chini ya turubai akisema, "Wanamulilia kweli. Sikujua alipendwa hivi." Kwaya ikaanza wimbo.

Basi tukajua njia. Akipokonywa mpira, tunalia. Akianguka, shangazi anajipiga kifua: "Wamemuua! Wamemuua bure!" Refa akikataa, mjane mwenyewe anainua mikono: "Haki iko wapi dunia hii?" Sijawahi kuona kilio kilichochangamka namna ile. Marehemu, aliyesema mupira ya banamuke si mupira, alipata machozi ambayo hata chifu hakupata.

Tatizo la kulia vizuri ni kwamba watu wanakuja kukufariji. Mechi ilikuwa inakwisha, Mbrazili akaingia ndani ya eneo la kipa, wakamkata miguu, refa akaonyesha kidole chini. Penalti! Tukapiga ukelele wa kutisha. Papo hapo pazia likasogea, katekista akaingia na Biblia mkononi, uso umejaa huruma. Shangazi alikuwa mwepesi: kitenge kikarudi juu ya televisheni kabla hajainua macho.

"Mama zangu," katekista akasema, "nimesikia uchungu wenu. Tusimame, tufunge macho, tuombe."

Tukasimama. Nani alifunga macho? Minye nilikuwa naangalia kitenge. Nyuma yake kulikuwa na mwanga wa kijani unaotembea, na ndani ya mwanga huo Mbrazili wangu alikuwa anauweka mpira chini kwa mara ya mwisho, na minye niko hapa na maua ya kitenge. Katekista alianza na Adamu. Alikuwa hajafika hata kwa Nuhu. Nikaona namna nitakavyomwandika: mshitakiwa wa tano.

Ghafla mjane akalia, "Baba weee! Unaniacha na nani?" akatupa mikono juu, akaanguka ukutani, akashuka mpaka chini na kitenge kimemfuata.

Picha ikabaki wazi. Mbrazili alikuwa ameshika kiuno, anapumua. Akamwangalia kipa. Na akacheka, naapa, akacheka kama yule msichana wa soksi zilizoshuka.

"Umpokee, Bwana, mtumishi wako," katekista alikuwa anasema, macho yamefunguka, "umpokee katika... katika..."

Akakimbia. Akapiga. Kipa akaenda huku, mpira ukaenda kule, wavu ukatikisika.

"Amina!" katekista akapiga kelele.

Sikumbuki tulilia nini. Nakumbuka shangazi akinikumbatia mpaka kilemba changu kikaanguka, na wanaume nje wakiita, "Poleni mama! Jikazeni mama!"

Mjane alikuwa bado chini. Akanishika kifundo cha mguu.

"Umeona?"

"Nimeona."

"Basi umuachilie bwana yangu apumzike. Nilijua uko unamufunga moyoni."

"Ngoja kwanza, mama," nikamwambia. "Wanarudia."

Walilirudia polepole, kutoka upande mmoja, kisha kutoka upande mwingine, na minye niliangalia yote, hakuna aliyebonyeza kitu. Lilipokwisha nikakaa kwenye mkeka karibu naye, nikamsaidia kufunga nguo yake vizuri, nikamlilia mume wake kidogo. Machozi si mengi. Lakini yalikuwa ya kwake.