Gaudensia Anamngoja Mandamusi

Gaudensia wa Bweri hajui kulalamika kwa sauti ndogo. Akipika ugali, mtaa mzima unajua mboga ni nini. Kwa hiyo leseni yake ya kununua dhahabu ilipokwisha muda, na ofisi ya madini ikapokea maombi yake ya kuihuisha kisha ikanyamaza, sisi majirani tulilisikia jambo hilo asubuhi, mchana na jioni.

Si kwamba walimkatalia. Wangemkatalia, angejua pa kukata rufaa. Walimwambia tu ombi liko kwenye mchakato. Akirudi, mwezi baada ya mwezi, mchakato. Nikamtania kwamba huenda Mchakato ni kijiji nyuma ya Bunda, apande basi aifuate leseni huko. Hakucheka, na alikuwa na haki. Bila leseni haruhusiwi kununua hata punje moja, na wachimbaji wa upande wa Butiama, waliomzoea kwa miaka, walianza kumpelekea dhahabu Ngusa, mnunuzi mwenzake mwenye leseni hai na ulimi mtamu. Kila aliyehamia kwa Ngusa hakurudi. Kazi yake ya maisha ilikuwa inamponyoka hivihivi anaiona.

Mwishowe akaenda kwa wakili, kijana mmoja anaitwa Alfonce. Alfonce akamweleza kwamba ofisi ya serikali ikikaa kimya, Mahakama Kuu inaweza kuilazimisha itimize wajibu wake. Kwanza unaomba kibali cha kufungua shauri, ndipo shauri lenyewe.

"Tukipata kibali, mama, tunaleta mandamusi," akasema.

Neno hilo ndilo alilorudi nalo nyumbani. Ukoo wao ni Wakatoliki wa tangu zamani, una kina Stanislausi wawili na Baltazar mmoja. Mandamusi huyo kwake alikuwa mtu, tena mkubwa wa Dar, mwenye tai.

"Huyu Mandamusi anakulaga samaki?" akaniuliza.

Nikamwambia wakubwa wote wanakula samaki. Na mimi nilidhani ni mtu.

Kibali kikapatikana. Siku ya shauri akaja mahakamani na sato wa kukaanga ndani ya hotipoti, amelifunika kwa kanga. Wakili wa serikali akasimama kusema ofisi bado inalishughulikia ombi. Jaji akauliza inalishughulikia mpaka lini. Wakili akaanza kupekua jalada. Jaji akatoa amri: afisa anayehusika atoe uamuzi kabla mwezi haujaisha. Mahakama haimpi mama huyu leseni, akasema, inamtaka mwenye kazi aifanye kazi yake. Akubali au akatae, lakini ajibu.

Nje, Gaudensia akamshika Alfonce mkono. "Mwanangu, tumeshinda, sawa. Lakini mwenzetu mbona hajafika? Sato anapoa."

"Nani huyo, mama?"

"Si Mandamusi!"

Alfonce alicheka mpaka akakaa kwenye ngazi. Alipopata pumzi akatueleza kwamba ile amri aliyoisoma jaji ndiyo mandamusi yenyewe. Sato tukamla sisi watatu, palepale nje ya geti, na kusema kweli hakuna mkubwa wa Dar ambaye angemfaidi kama sisi.

Kabla mwezi haujaisha leseni ikatoka. Tulipiga vigelegele kama harusini. Gaudensia akavaa miwani, akaisoma, akanyamaza, na hapo nikaogopa, maana yeye hanyamazi. Leseni ni ya mwaka mmoja, na ofisi ilikuwa imeanza kuuhesabu tangu ile ya zamani ilipokwisha. Muda wote aliozungushwa ulikuwa umo humo ndani. Zilibaki wiki chache tu. Niliumia kwa ajili yake, nikatukana neno ambalo siwezi kuliandika hapa.

Yeye hakutukana. Kesho yake akarudi ofisini kuomba tena, nami nikamsindikiza roho ikiwa juu. Yule afisa, ambaye siku zote alikuwa akimjibu huku anatazama simu, alipomwona mlangoni akasimama. Akazunguka meza, akamvutia kiti.

"Shikamoo, mama."

Gaudensia akakaa taratibu, akatengeneza kanga yake, akamtazama kijana wa watu kuanzia viatu mpaka kichwani.

"Marahaba, mwanangu," akasema. "Kumbe shikamoo unaijuaga!"