Rinda Lililolaliwa

Ukitaka kumjua mwanamke wa Kisabato, Mama Rebeccah alipenda kusema, usimtazame Jumamosi kanisani. Mtazame Ijumaa. Na kwa kuwa hakuweza kuingia nyumba ya kila mtu siku ya Ijumaa, alitazama nguo.

Mellen alilijua hilo vizuri. Mwanzoni mwa mwaka ule wa 1996, akiwa bado mgeni katika kanisa dogo la mabati upande wa Kimulot, Mama Rebeccah alimsimamisha mlangoni, akamnyoosha kola kwa vidole viwili mbele za watu, akamwambia kwa sauti ya upole, "Sabato inaanza Ijumaa, mama." Ni hayo tu. Hakumgombeza. Lakini siku hiyo Mellen aliketi benchi la nyuma, na ile kola ikamuunguza shingo mpaka ibada ikaisha. Maana yake ilikuwa wazi kwa kila aliyesikia. Msabato hupika, hufua na hupiga pasi kabla jua la Ijumaa halijazama. Likishazama, hakuna kazi mpaka jioni ya Jumamosi. Mwenye mikunjo Jumamosi ni mtu ambaye Ijumaa ilimshinda.

Mellen alikuwa na miaka ishirini na mmoja. Alisoma hadi darasa la nane kwao Nyamira, akaolewa na Kepher, akamfuata huku kwenye majani chai. Kepher alifanya kazi kiwandani, kwenye mashine za kukaushia, kwa zamu za kupokezana zisizojali Sabato. Mellen alichuma. Chumba chao katika laini za kampuni, zile safu za nyumba za wafanyakazi, kilikuwa kimoja, chenye kitanda cha chuma, meza, na dirisha lililotazama majani yaliyokatwa sawasawa, kama mtu ametandika kilima kizima.

Mtoto wao, Jerusa, alikuwa na miezi sita. Jumamosi iliyokuwa inakuja angepelekwa mbele ya kanisa aombewe na kuwekwa mikononi mwa Mungu, na mama yake angesimama naye watu wote wakitazama. Mellen alikuwa amenunua kitambaa cheupe cha popolini, na fundi akakata vitu viwili humo: rinda la mama na gauni la mtoto. Kwa majuma mawili kila alipochuma aliiona ile Jumamosi. Aliona anatembea kwenda mbele, na Mama Rebeccah anamtazama, na vidole vyake viwili havina pa kushika.

Siku ya Alhamisi alifika mgeni, nyanya yake Kepher. Kwa Kigusii nyanya ni magokoro, na laini nzima ilimwita hivyo, hata Wakipsigis. Alikuja kwa sababu mtoto alipewa jina la dada yake aliyefariki. Magokoro alikuwa mwembamba kama fito, hana meno ya mbele, na kama ilivyo desturi ya nyanya na mjukuu, alimwita Kepher "bwanangu" na Mellen "mke mwenzangu."

"Mke mwenzangu," alisema usiku ule wa kwanza, "huyu bwana wetu anakoroma. Nakuachia."

Ijumaa alfajiri Mellen alifua, akaanika kwenye waya nyuma ya nyumba, akamwachia Magokoro mtoto na uji. Mpango wake haukuwa na kasoro. Angepima majani saa tisa, saa kumi awe nyumbani, na jirani yake Joan alikuwa ameshaahidi kumwashia pasi ya makaa. Lakini saa nane mawingu yalishuka kutoka msitu wa Mau, ikanyesha mvua ya mawe, ile inayochoma majani chai kama maji moto. Wachumaji walijibanza chini ya makaratasi yao ya nailoni. Ilipoisha, barabara ikawa tope, na trekta ya kuchukua majani ikakwama huko chini. Mellen alisimama kwenye foleni ya mizani na kikapu mgongoni, akihesabu si kilo bali dakika.

Jua la huku si la kutegemea. Jioni huwezi kusema kama limezama au limefunikwa tu. Kwa hiyo Wasabato wa laini walikuwa na mapatano yao: king'ora cha kiwanda, kinacholia saa kumi na mbili na nusu kuita zamu ya usiku, ndicho kilikuwa machweo yao. Kikilia, kisu kinawekwa chini hata kama kitunguu kimekatwa nusu.

Alifika nyumbani akihema. Nyuma ya nyumba, waya wa nguo ulikuwa mtupu.

"Nimeziokoa," Magokoro alimpokea mlangoni, mtoto mgongoni. "Mawe yalikuwa kama mayai ya kware. Nilizinyakua zote mara moja."

Zilikuwa ndani ya karai pembeni, zimesokotwa pamoja kama kamba, na juu yake nepi tatu mbichi zimezigandamiza tangu saa nane. Mellen alivuta rinda. Lilitoka likiwa limekunjamana kila mahali, kama majani yaliyolala kwenye kikapu usiku kucha. Gauni la mtoto lilikuwa baya zaidi. Alilishika mbele ya dirisha, akaligeuza mbele na nyuma.

"Asante, Magokoro," alisema. "Mawe yangezitoboa."

Na kweli yangezitoboa.

Joan alitokea mlangoni na pasi yake mkononi, baridi. Alikuwa Mkipsigis wa hapo hapo Konoin, na mdomo wake haukuwa na lango. "Mama Jerusa, nimekungoja tangu saa kumi mpaka makaa yakafa. Nikiwasha sasa, mpaka ishike moto king'ora chenu kimelia. Lakini si niwashe tu, nipige mimi? Kanisa langu ni Jumapili. Hii Jumamosi yenu hainidai kitu."

Mellen alimtazama Magokoro.

"Hapana, binti yangu," Magokoro alisema. "Amri inamtaja hata mgeni aliye nyumbani mwako. Na ng'ombe pia."

"Sasa hapa mimi ni mgeni ama ni ng'ombe?"

"Hapo utachagua mwenyewe."

Joan alicheka mpaka akaegemea mlango. Kisha akaangalia saa yake. "Saa kumi na mbili na robo. Mna dakika kumi na tano, watakatifu."

Magokoro alimpa Joan mtoto, akashika gauni. "Mke mwenzangu, unafikiri kabla ya pasi watu walitembea uchi? Kuja hapa. Bado ni mbichi kidogo, na hiyo ndiyo bahati. Ikikauka na mikunjo, hata pasi inabembeleza. Shika mabega. Kung'uta."

Walilikung'uta mara tatu, kitambaa kikalia kama kiboko.

"Sasa vuta. Si kwa vidole, kwa kiganja. Vuta kwa urefu, halafu kona kwa kona. Lalia nyuma kama mtu anavuta ndama."

Magokoro alilalia nyuma, kisigino kimeshika sakafu, na Mellen akashangaa nguvu zilizotoka kwenye ile mikono ya vijiti. Mikunjo ilianza kufunguka. Mishono waliishika mmoja mmoja, huyu huku na yule kule, wakaivuta mpaka ikanyooka. Mikono midogo ya gauni Magokoro aliiweka juu ya goti, akaipapasa kwa kiganja kutoka ndani kwenda nje, polepole, kama anamlaza mtoto. Walipomaliza hilo gauni, Mellen alipumua kwa mara ya kwanza tangu mizani.

Wakashika rinda. Kifua kikanyooka. Upande wa mbele wa sketi ukanyooka. Wakaligeuza upande wa nyuma, wakalikung'uta, wakashika kona, na hapo king'ora kikalia.

Magokoro alifungua mikono. Upande wake wa rinda ukaanguka.

"Umebaki mvuto mmoja," Mellen alisema. "Mmoja tu, Magokoro."

"Ndio. Umebaki."

Bikizee akaketi, akachukua mtoto, akafumba macho, akaomba kuikaribisha Sabato. Mellen aliomba pia, lakini rinda lilikuwa bado mikononi mwake. Joan aliaga kwa kunyata, na pasi yake kwapani.

Baada ya chakula, ambacho kilikuwa kimeshapikwa mchana, Magokoro alisema, "Sasa zikunje kwa mishono, uziweke chini ya godoro. Mimi nitalala juu."

"Hiyo si kazi?"

"Kulala si kazi. Tumeamriwa kupumzika, sasa nipumzikie wapi?"

"Naona kama ni ujanja, Magokoro."

"Ujanja ni wa mtu anayelala jicho moja wazi. Mimi nitalala kweli kweli."

"Na wewe ni mifupa tu. Godoro halitajua kuna mtu."

"Basi njoo na wewe, na huyo mtoto. Bwana wetu yuko kiwandani, kitanda ni chetu."

Mellen alicheka, akainua godoro. Gauni la mtoto alilifunga kwanza ndani ya kanga, maana alitaka lisishike vumbi. Kanga haikutosha vyote viwili. Rinda lake alilikunja vizuri, akalilaza chini ya godoro kama lilivyo, bila kulifunga. Yale mafunzo ya Magokoro yalikuwa ya wakati wa mkeka na sakafu iliyopakwa udongo ikalainika. Hakuna kati yao aliyekumbuka kwamba kitanda cha kampuni ni cha waya.

Asubuhi gauni la Jerusa lilitoka kwenye kanga limelala kama karatasi ya daftari jipya. Mellen akavuta rinda lake, akalifungua. Mikunjo ya jana ilikuwa imekwisha. Lakini mgongoni, kutoka kiunoni hadi pindo, kulikuwa na alama za waya za kitanda, vipande vyenye kona nne, safu kwa safu, kama ua wa waya wa shule.

Kepher alikuwa ametoka zamu, anavua buti. Alitazama, akauma mdomo asicheke. "Utavaa wavu wa samaki, Mama Jerusa."

"Usinichekeshe. Nitalia."

Kepher aliinuka, akachungulia nje. Magokoro alikuwa kwa Joan, anaonyesha mtoto. Kepher alimimina chai ya thamosi kwenye kikombe cha bati hadi juu, akamsogezea. "Kitako ni safi, na ni moto. Pitisha haraka haraka. Nani atajua?"

Mellen alichukua kikombe. Joto lilimfikia kwenye viganja. Alitandika rinda mezani, akaweka kikombe kwenye kona ya mwisho ya pindo, mahali padogo, akaona alama moja inalegea. Ingechukua dakika tano. Mama Rebeccah angeona rinda lililonyooka, naye angesema moyoni kwamba Mellen sasa anaijua Ijumaa yake.

Na rinda lingekuwa limesema uongo. Ijumaa yake ilikuwa ya trekta iliyokwama, na karai, na mvuto mmoja uliobaki. Aliinua kikombe, akanywa chai. Kisha akavaa.

Mama Rebeccah alikuwa mlangoni mwa kanisa, amevaa sketi yake ya buluu iliyonyooka kama ubao. "Sabato njema," alisema, akampa mkono Magokoro, akamshika mtoto kidevu. Halafu macho yake yakateremka, yakazunguka, yakasimama nyuma ya Mellen. Kidole kimoja kiligusa pindo.

Mellen hakungoja kuulizwa. "Ijumaa ilinishinda, Mama. Hizo ni waya za kitanda."

Watu walikuwa nyuma yao wanasubiri kuingia. Mama Rebeccah hakuondoa kidole mara moja. Kisha akainama kama anamfunika mtoto vizuri, mdomo karibu na sikio la Mellen.

"Unatandaza katoni kwanza," alisema polepole. "Ile kubwa ya mafuta ya kupikia. Ukiifungua inafika kitanda chote. Halafu nguo, halafu godoro. Na rinda lisiwe bichi sana, litanuka."

Mellen alimtazama. Akaitazama ile sketi ya buluu.

"Kama huna, pitia kwangu Alhamisi," Mama Rebeccah alisema. "Mimi ninazo mbili." Akasimama wima, akageukia waliofuata. "Sabato njema. Ingieni, ingieni."

Waliketi benchi la pili kutoka mbele. Magokoro alimsogelea. "Amekugombeza?"

"Amenipa katoni."

"Katoni ya nini?"

"Nitakueleza jioni."

Mzee wa kanisa akaita jina la Jerusa. Mellen alisimama, Kepher akasimama, wakatembea kwenda mbele. Alipofika aliligeuzia kanisa lote mgongo, alama zote za waya zikiwa wazi kwa kila mtu, akamwinua mtoto aliyevaa gauni lisilo na hata kunjo moja.