Fundi wa Kupigwa Picha

Zamani Fundi Pindo alikuwa akishona nguo. Siku hizi amepanda cheo: anapigwa picha.

Mambo yalianza hoteli ilipofunguliwa mwisho wa mtaa. Meneja alikuja, akaitazama cherehani yake ya kukanyaga kwa miguu, nusura alie kwa furaha. Ile ya umeme akaomba ifichwe chini ya kitanda, maana inaharibu maisha halisi. Maisha halisi, fundi akaelezwa, huanza saa tatu asubuhi na kufungwa saa kumi jioni, Jumapili mapumziko. Posho ilikuwa nzuri, akakubali. Wateja wa mtaani walichoka kupenya katikati ya kamera za wageni wa hoteli ili kupunguziwa suruali, wakahamia kwa fundi wa nyuma ya soko.

"Usiache mbachao kwa msala upitao," mkewe alimwonya.

"Msala huu unapita kila siku, mama watoto."

Kwa kuwa wageni walitaka tu kuona gurudumu likizunguka, fundi aliona uzi ni hasara. Akautoa. Miaka mitatu akashona hewa, uso juu, tabasamu tayari.

Kisha binti yake wa mwisho akapata mchumba. Gauni la kukodi alilikataa katakata. "Tangu nikiwa mdogo nimesema atanishonea baba," alisema. Fundi alifurahi mno. Akakata kitambaa cheupe, mkono wake ukiwa bado na shabaha ya zamani, akabana vipande kwa pini, akaketi kwenye cherehani. Wageni nao hao! Gauni la harusi! Akakanyaga kuanzia kwapani hadi kwenye pindo, macho kwenye kamera.

Alhamisi, siku mbili kabla ya harusi, binti alikuja kulijaribu. Akachomoa pini moja moja. Ubavu mzima wa gauni ukaachia. Matundu ya sindano yalikuwa yamejipanga vizuri kabisa.

"Baba, uzi uko wapi?"

Fundi akavuta mtoto wa meza. Ndani mlikuwa na vipeperushi vya hoteli.

Binti hakugomba. Alikunja vipande vyake, akaenda nyuma ya soko. Fundi alitaka kumfuata, lakini ilikuwa saa nane tu, na kundi jipya lilishaingia. Akakaa. Miguu ikaanza yenyewe.

Mgeni mmoja akamwonyesha picha aliyompiga. Ilikuwa nzuri ajabu. Ungeiona, ungeapa kwamba mzee yule anashona.